Mkono Usionekane

Maneno yenyewe yaliletwa na Mama Pacha, siku aliyokuja kupimwa gauni. Alikuwa amesimama katikati ya chumba, gauni nusu limeshonwa nusu limeshikwa kwa pini, hawezi hata kukohoa bila kuchomwa, na bado mdomo haukutulia.

"Fundi, umesikia ya ile nyumba ya katuni?"

Mama Shoto alikuwa na pini nne mdomoni, kwa hiyo alijibu kwa pua. "Mh."

"Mke wa muuza mkaa kampigia simu binti yake anayefanya kazi kule. Wakaongea. Habari za nyumbani, mguu wa bibi, nani kaolewa, nani kaachika. Nusu saa nzima! Mwisho yule wa upande wa pili akasema, 'Haya mama, mwanao akirudi kunawa mikono nitampa salamu zote.' Fundi! Mama wa watu nusu saa anaongea na mtoto wa mwenzake, na hakujua."

Mama Shoto alitema pini kiganjani. "Simu hizi zina kelele."

"Kelele gani? Kaguna kama yeye, kacheka kama yeye. Wanasema waliomo mle wote wanacheka kicheko kimoja. Mimi nimezaa pacha, dada yangu, kufanana nakujua. Wangu wakicheka nje namjua ni yupi hata nikiwa chooni. Kule siyo kufanana. Kule ni kitu kingine."

"Geuka kidogo."

"Na wako si yuko kule kule?"

"Geuka, nimesema, nione pindo."

Mama Pacha akageuka, akaondoka na mazungumzo mengine. Lakini neno lilikuwa limeshaingia. Mama Shoto alilifumua pindo lile na kulishona upya mara tatu, na hakuwa mtu wa kurudia pindo.

Kweli binti yake alikuwa kule, mwezi wa tano sasa. Jina lake la cheti lilikuwepo, lakini tangu alipojua kushika kijiko aliitwa Shoto, maana kila kitu alikifanya kwa mkono wa kushoto. Mkasi wa mama yake aliushika kinyumenyume, na kitambaa kikakatika vizuri tu. Na kuchora! Alichora kuta, akachora vifuniko vya ndoo, akawachora watu wa mtaa kwa pua zao mpaka kila mtu akajijua. Mwenye nyumba alijikuta siku moja yuko nyuma ya mlango wa choo, tumbo mbele, akacheka hadi akasahau alichokuja kudai.

Ndiyo maana nyumba ya katuni ilipotangaza kutafuta vijana wa kuchora, hakuna aliyeuliza aende nani. Ofisi yenyewe ilikuwa ghorofani, juu ya duka la vigae, na mle ndani walitengeneza filamu fupi za katuni, zile za ajabu ajabu ambazo mtu hugeuka kiti na kiti hulia. Mchoraji mkuu alichora mwanzo wa tendo na mwisho wake: mtu kainua mkono, mtu kashusha mkono. Yote ya katikati yalichorwa na vijana kumi na wawili walioitwa wajazaji. Picha kumi na mbili kwa kila sekunde moja. Mtu akikohoa kwenye filamu, mjazaji amekohoa naye siku mbili.

*

Jioni ile Shoto alirudi, akamwamkia mama yake, akavua viatu, akaketi mezani. Baba yake alisogeza kiti chake cha plastiki. Alikuwa fundi wa kuchomelea mpaka siku geti lilipomwangukia mgongoni, na sasa habari za kazini za binti yake ndizo zilikuwa kazi yake.

"Enhe, mheshimiwa. Filamu imefika wapi?"

"Tuko kwenye foleni, baba."

"Foleni ya nini tena?"

Shoto akaeleza. Filamu ilimhusu kinyozi mmoja. Watu wa mji mzima wanakwenda kwake kunyolewa, kila mmoja na uso wake. Kinyozi anawafunika shuka, ananyoa, na nywele zikidondoka uso nao unadondoka. Wanatoka wote na uso mmoja, huku yeye akizifagia zile nyingine kwenye kizoleo. Mwanamke mmoja anakataa. Anapita mitaani na uso wake mwenyewe, mpaka siku mwanawe anamtazama na kukimbia, kwa kuwa hajawahi kuona uso wa namna ile. Basi yule mama anakwenda mwenyewe kupanga foleni.

"Makubwa!" akasema baba. "Na hiyo ni ya watoto?"

Shoto akacheka.

Mama yake alikuwa anamimina chai. Kicheko cha Shoto alikijua kuliko sauti ya cherehani yake. Kilikuwa kibaya, cha mtu aliyepaliwa, kikianza hakijui kituo, majirani walikuwa wakigonga ukuta. Hiki kilikuwa kingine. Hi, hi, hi, mara tatu, kichwa kikiinamia kulia, kisha mdomo ukajifunga kama droo.

"Umecheka nini hicho?" mama akauliza.

"Nini, mama?"

"Hicho kicheko. Ni cha nani?"

"Ah!" Shoto akajishika shavu. "Ni cha Kinyozi. Kila meza ina kioo. Unachora uso wake, basi unaufanya kwanza wewe kwenye kioo ili uone mashavu yanakwendaje. Siku nzima. Ukizoea, unakuja wenyewe."

"Na wenzako?"

"Wote. Lazima kifanane, mama, la sivyo picha itaruka."

"Kwa hiyo watu kumi na wawili mnachekeana kicheko kimoja, halafu mnatengeneza filamu ya watu waliofanana?"

"Lakini filamu inakataza hayo! Inawasuta wanaowafanya watu wafanane. Ndiyo maana yake."

"Inamsuta nani, ikiwa—"

"We mama nawe," baba akaingilia. "Unashona sare za shule mwaka wa ngapi huu? Watoto mia wamefanana kwa cherehani yako, na hujaona shetani. Mwache mtoto afanye kazi. Kazi ya kukaa kwenye kiti, chini ya feni!"

Mama Shoto akasogeza vikombe. Kweli, sare zilikuwepo, zimekunjwa pale pale kitandani. Ila moyoni alijiambia: watoto wale wakifika nyumbani huzivua.

*

Msimamizi wa wajazaji alikuja wiki iliyofuata. Mwanamke mpole, viatu vya raba visivyolia, sauti ya chini kama ya mtu aliye kwenye chumba cha mgonjwa. Aliamkia vizuri, akakataa soda, akaagiza aproni kumi na mbili za kijivu, zenye mfuko mmoja wa penseli ubavuni kulia.

Mama Shoto alizishona kwa siku mbili, na kwa furaha, aseme kweli. Kumi na moja aliweka mfuko kulia. Ya kumi na mbili akauweka kushoto, akaushona mara mbili ili usichanike, na kwa ndani akatia uzi mwekundu kidogo tu, alama ya mama.

Kesho yake msimamizi akarudi na ile moja, imekunjwa mraba.

"Shikamoo mama. Samahani kukusumbua. Hii imekosewa."

"Marahaba. Haijakosewa. Huyo ni wa kushoto, mwanangu."

"Alikuwa," akasema msimamizi, kwa upole ule ule.

"Alikuwa vipi?"

"Tunamsaidia abadilishe. Mistari ya mkono wa kushoto inalala upande wake, mama. Kwenye skrini inatetemeka, mtazamaji anashtuka, anamwona mchoraji. Sisi kanuni yetu ni moja tu: mkono usionekane."

Mama Shoto alimtazama. Katika kazi yake yeye, hapakuwa na sifa iliyopita mkono kuonekana. Mtu akiona nguo barabarani akasema, "Huu mkono wa Mama Shoto," yeye alilala vizuri siku hiyo. Mkono ndio ulimletea wateja kutoka mitaa asiyoijua. Sasa huyu hapa, amevaa vizuri, anasema mkono ni uchafu kama wa mafuta kwenye kitambaa cheupe.

Alitaka kusema, "Basi mwambie mwingine ashone." Alitaka kusema mengi. Lakini alifikiri, nikigoma nitaonekana mshamba, na aibu itamrudia mtoto kazini. Msimamizi alikuwa amesimama, hana haraka.

"Nikusubiri, mama?"

"Subiri. Ni dakika tano."

Akachukua wembe. Akafumua mfuko, uzi kwa uzi, na ule mwekundu pia. Mfuko akauhamishia kulia. Msimamizi akaipokea aproni, akapitisha kidole gumba pale kushoto ambapo matundu ya sindano yalibaki yamejipanga.

"Yataziba ikifuliwa," akasema. "Ahsante sana, mama. Sasa ni sawa na wenzake."

Jumamosi Shoto alipiga pasi, kama kawaida yake ya kumsaidia mama. Alipiga kwa mkono wa kulia. Hakuunguza kitu. Hakukunja hata kola moja vibaya. Mama yake alikaa kwenye cherehani mguu ukiwa juu ya pedali, asikanyage.

"Unaumwa mkono?" akamuuliza mwishowe.

"Hapana. Kwa nini?"

Akacheka mara tatu. Mdomo ukajifunga, droo ile ile.

*

Barua ililetwa na Shoto mwenyewe. Mkataba wa miaka miwili. Filamu ya Kinyozi imependwa na wakubwa, zinafuata nyingine sita, na ili kazi isikatike wajazaji wote watahamia bwenini, nyuma ya ofisi. Watakwenda nyumbani mara moja kwa miezi mitatu. Mzazi naye aweke sahihi.

Baba aliisoma kwa sauti, akairudia pale penye matibabu bure. "Hata mzazi wanamtibu! Unasikia, Mama Shoto? Huu mgongo wangu utaangaliwa na daktari mwenye koti, siyo yule wa kunisugua mafuta ya breki."

"Nimesikia." Akamgeukia binti yake. "Wewe unataka?"

"Wote wamesaini, mama."

"Sijauliza wote. Nakuuliza wewe."

Shoto akafikiri. Kichwa kikainama kulia.

"Sisi tunaona ni vizuri."

"Sisi nani? Hapa umekaa na nani?"

"Mama, usianze," baba akasema.

"Sijaanza! Nimeuliza mtoto wangu anataka nini, ananijibu kama tangazo la redio. Shoto, nitazame. Ukiwa peke yako, kichwani mwako humo, unataka?"

Binti alimtazama mama yake kwa huruma, kama mtu aliyeulizwa swali kwa lugha ambayo aliwahi kuijua. "Sijakaa peke yangu siku nyingi, mama," akasema. Halikuwa lalamiko. Alikuwa anatoa taarifa tu.

Mama Shoto hakuweka sahihi. Asubuhi alijifunga kitambaa cha kichwa, akafunga chumba cha kushonea, akaondoka kwa miguu hadi kwenye duka la vigae. Nia yake ilikuwa moja: kumchukua binti yake, arudi naye. Kama ni kugombana na baba yake, watagombana wakiwa watatu.

*

Chumba cha wajazaji kilikuwa kirefu, mapazia yamefungwa ingawa nje jua lilikuwa kali. Meza kumi na mbili za kioo zilizowashwa taa chini yake. Juu ya kila meza karatasi, na mbele ya kila karatasi kioo kidogo cha kujitazama. Hakuna aliyeongea. Ilisikika penseli tu, kumi na mbili zikitembea na kusimama kwa pamoja.

Walimpa mgongo. Aproni zake mwenyewe zilikuwa zimejipanga mbele yake, mstari mmoja, na nywele zote zimefungwa nyuma kwa namna moja, kichwa kila kimoja kikiinamia kulia.

"Shoto," akaita, si kwa nguvu.

Hakugeuka mtu.

Akatembea katikati ya meza. Akalijua bega, la tatu kutoka dirishani, jembamba, na kovu la tetekuwanga karibu na shingo. Akaliwekea mkono. "Mwanangu, inuka twende."

Uso uliogeuka ulikuwa unatabasamu, meno kidogo, mashavu juu. Haukuwa wa Shoto.

"Karibu, mama," akasema msichana yule. "Mimi si wako. Lakini karibu."

"Mimi ndiye wako, mama." Sauti ilitoka nyuma yake. Shoto alikuwa amekaa meza ambayo mama alishaipita. Na yeye alikuwa na tabasamu lile lile.

Mama Shoto akashika ukingo wa meza. Msimamizi alikuwa ameshafika kwa viatu vyake visivyolia, na kiti mkononi.

"Kaa, mama. Wazazi wengi hushtuka mara ya kwanza."

"Sikai. Nimekuja kumchukua mwanangu."

"Ni mtu mzima, anaweza kwenda saa yoyote. Mlango haufungwi." Ilikuwa kweli, mlango ulikuwa wazi. "Una hofu gani?"

"Mmemwondolea mkono wake."

"Aa." Msimamizi hakukasirika. "Wewe ni fundi, mama. Mkono wa mwanao utaujua?"

"Nitaujua gizani."

"Basi tufanye hivi, tusibishane." Akapita meza kwa meza, akaokota karatasi moja moja, akazichanganya kama karata, akazitandaza kwenye meza yenye taa. "Hizi ni za asubuhi hii. Moja ni yake. Ukiitambua, nitamwomba mwenyewe aondoke na wewe leo, na hatutakuwa na kinyongo. Usipoitambua, utatia sahihi. Ni sawa?"

Hapo ndipo angeondoka. Hapo ndipo angemshika binti mkono na kusema, sikuja hapa kufanya mtihani. Lakini alikuwa na fahari ya kazi yake, na fahari ilimjibia.

"Sawa."

Akainama. Uso wa Kinyozi ulimtazama mara kumi na mbili. Akaanza na pua, maana pua za Shoto zilikuwa na kiburi. Pua zote zilikuwa moja. Akatazama nyusi. Akatazama kivuli cha shingo, akitafuta mistari iliyolala upande wa pili, na yote ililala upande mmoja. Akanusa karatasi, asijali aonekanavyo. Nyuma yake penseli zilikuwa zimesimama, wanamsubiri.

Mwisho akaona kitu. Kwenye moja, pembeni mwa mdomo, mstari ulikuwa umebonyezwa zaidi kidogo, kama mtu aliyetaka kusema neno akalimeza. Akaishika juu kwa mikono miwili.

"Hii! Hii ni yake. Naapa."

Msimamizi alimpa Shoto karatasi hiyo. "Mwambie mama."

Shoto akaipokea. Akaiweka juu ya taa, akaigeuza, akaichungulia kwa nyuma. Akaifananisha na nyingine. Mama yake aliona jasho likianza kwenye mdomo wa juu wa binti yake, na kwa muda mfupi lile tabasamu likalegea, na chini yake palikuwa na mtu amesimama, anatafuta.

"Sema tu, mwanangu. Hata kama siyo, sema ndiyo."

"Sijui, mama," Shoto akasema. "Hata mimi sijui."

Akairudisha katikati ya zile nyingine na kuzisawazisha kingo. Halafu, labda kwa aibu, akacheka. Hi, hi, hi. Na chumba kizima, kwa heshima, kikamsaidia kucheka.

Msimamizi alimpa Mama Shoto nakala ya mkataba na kalamu. Akatia sahihi akiwa amesimama.

*

Baba ndiye aliyepeleka godoro, Jumapili, kwa mkokoteni wa kukodi. Mama alisema ana kazi nyingi. Alipiga cherehani mchana wote, wala hakukuwa na nguo chini ya sindano.

Baba alirudi kabla ya jioni. Alikaa kwenye kiti chake cha plastiki, akakataa chai.

"Kukoje?" mama akauliza.

"Kuzuri. Safi. Wana feni." Akajikuna goti. "Walinipokea vizuri sana. Wote wakatoka kunisaidia godoro. Wote wakaniita baba."

"Enhe."

"Wakanisindikiza mpaka getini, wote kumi na wawili. Wakasimama mstari kuniaga."

Mama akaacha pedali.

"Umemuaga vipi mwanao?"

Mzee yule, aliyekuwa na utani kwa kila jambo, alitazama sakafu.

"Nilimkumbatia aliyekuwa karibu," akasema.

*

Wenye watoto, jiepusheni na haya:

Usimpeleke mtoto kwenye kazi ambayo hujaingia ndani ukaiona, hata kama ni ya kukaa chini ya feni.

Usiseme "mradi amepata kazi" ukaishia hapo.

Usibadilishe kitu cha mtoto ili kifanane na cha wenzake kabla ya kumuuliza yeye, hata aliyekuagiza akiwa mpole.

Usinyamaze kwa kuogopa kuitwa mshamba.

Usikubali jibu la "sisi" ukiwa umeuliza "wewe".

Usifanye mtihani uliotungwa na yule anayemtaka mwanao.

Usitie sahihi ukiwa umesimama.

Na mtoto akikuudhi nyumbani, usimwambie, "Mbona huwi kama wenzako?" Hata kwa utani. Hata mara moja.